Chia (cheerleading) ya watoto hapa Mombasa: maswali mnayoniuliza kila siku

Kila likizo ikikaribia simu yangu haipumui. Huyu anauliza raba za rangi gani, yule anauliza mwanangu atavunjika shingo au vipi, mwengine anapiga saa nne usiku anataka kujua kwa nini binti yake hakuwekwa juu. Nshajibu hayo hayo kwa sauti na kwa maandishi mpaka nimechoka, kwa hivo leo nimekaa nimeyaandika yote pamoja. Mimi si kocha jamani. Mimi ni mama wa timu, yaani yule anayebeba maji, pini, plasta na kelele za wazazi. Binti yangu alianza akiwa na miaka 9, sa hii ana 13. Mengine nitakayosema hayatawapendeza, samahanini mapema.

Hii chia ni kitu gani hasa? Si ni wale wasichana wa kupunga mapamba uwanjani?

Wale wapo na ndiko ilikoanzia. Mwaka 1898 kwenye chuo kikuu cha Minnesota kule Marekani, mwanafunzi mmoja wa kiume, Johnny Campbell, alisimama mbele ya watu kwenye mechi akawaongoza kupiga kelele kwa pamoja, ndo mwanzo wake. Lakini watoto wetu hawashangilii timu ya mtu. Hii ya mashindano, timu yenyewe ndo mchezo. Wana dakika 2 na nusu, muziki unakwenda mbio, ndani yake kuna samasoti, kuna densi, kuna kubebana na, kwa timu nyengine, kurushana, kuna minara ya watu, na majaji wako mezani na kalamu zao.

Dakika 2 na nusu, hata wali haujakauka maji! Na watoto wamezifanyia mazoezi miezi 6. Hapo ndo presha inapotoka, manake mpira ukifungwa dakika ya 10 una 80 za kurudisha, lakini chia ukianguka sekunde ya 20 umeanguka, hakuna kurudia, na bado zimebaki dakika 2 na ushei unatakiwa ukae unatabasamu kama hakuna kilichotokea.

Maneno mtakayoyasikia: anayepandishwa juu ni flaya, wanaombeba chini ni bezi, kawaida wawili, na nyuma yuko spota ambaye kazi yake macho yasitoke kwenye kichwa na shingo ya flaya. Wanne hao ni kitu kimoja. Mmoja akishikwa na homa watatu wamekaa bure, na watoto wanalijua hilo vizuri sana, ndo maana mtoto wa chia akiwa na joto la mwili mpaka kiyoyozi kinamkimbia atakwambia niko sawa mama twende.

Kwani ni spoti au ni kujifurahisha tu?

Mwaka 2010 jaji mmoja wa Marekani kwenye kesi ya chuo cha Quinnipiac alisema chia ya mashindano bado haijafikia kuitwa spoti kisheria. Julai 2021 kamati ya kimataifa ya Olimpiki ikalitambua rasmi shirikisho la chia la dunia. Kutambuliwa lakini si kuingizwa, kwenye Olimpiki yenyewe haimo. Hukumu yangu mimi ni nyepesi: njoo Jumamosi umnyanyue mtoto wa kilo 30 juu ya kichwa mara 40 kwenye jua la Bamburi alafu uniambie kama umejifurahisha.

Hivi huu si uzungu tu mnawaletea watoto?

Jina ndo la kizungu. Mnara wa watu Mombasa haukuletwa na televisheni, vijana wa sarakasi wameuza minara hiyo miaka kwenye mahoteli ya Nyali, Bamburi mpaka Diani, mmoja chini wawili mabegani mwengine juu anatandaza mikono na watalii wanapiga picha. Nenda ufuoni Jumapili yoyote uone watoto wanavyojirusha samasoti kwenye mchanga bila kocha bila ada.

Na hiyo ya timu kushindana kwa yunifomu na kutupiana maneno, nani atatufunza sisi? Bibi zetu walikuwa na lelemama, ngoma ya vikundi vya wanawake. Vikundi kama Ibinaal Watan na Banu Saada vilishindana hapa mjini kwa mavazi, kwa madaha na kwa nyimbo za mafumbo. Kwa hivo mama ukiona roho inakudunda timu ya ng'ambo ya daraja ikiingia na riboni mpya usishangae, imo damuni.

Tofauti ni kwamba lelemama walikuwa watu wazima wanaojua wanachokitafuta. Hawa wana miaka 9.

Mwanangu ataumia?

Ndiyo. Sitakudanganya. Si lazima aumie vibaya, lakini mtoto wa chia bila alama mkononi sijamuona. Flaya anaanguka, hilo kila mtu anajua, kile watu hawajui ni kwamba bezi naye anaumia, vifundo vya mikono, mabega, mgongo wa chini, na mara nyingi ni flaya ndo anamwangukia yeye.

Mwaka 2012 madaktari wa watoto wa Marekani, chama chao kikubwa kile, walitoa msimamo kwamba chia ihesabiwe kama spoti ili watoto wapate wanachopata wanamichezo wengine, yaani kupimwa na daktari, makocha waliosomea, na mahala salama pa mazoezi. Walisisitiza minara isizidi watu wawili kwenda juu na mambo ya kurushana yasifanywe kwenye sakafu ngumu. Wenzetu kwenye mashindano makubwa wana jukwaa la springi futi 54 kwa 42. Sisi tuna ukumbi wa saruji na magodoro. Kwa hivo kurusha mtoto hewani kabisa sisi hatufanyi, nukta, na ukiona timu inarusha watoto juu ya vigae chukua mwanao uende zenu, usingoje chai.

Sasa niwape habari mbili.

Ya kwanza. Machi 2006 msichana wa chuo kikuu cha Southern Illinois alianguka kutoka kwenye mnara, kama futi 15 hivi, akafikia kichwa, mfupa wa shingo ukaingia ufa. Wakamlaza kwenye machela wakamfunga kila mahali. Anatolewa uwanjani, bendi ikapiga wimbo wa timu, na yeye vile vile kafungwa akanyanyua mikono akafanya stepu zake mpaka mlangoni. Uwanja mzima makofi. Video ilizunguka dunia. Mara ya kwanza naiona wallahi nlitokwa na machozi ya fahari, nikamuonesha binti yangu, nikamwambia ona moyo huo.

Ya pili. Mwaka wa pili wa binti yangu, alikuwa bezi, Jumamosi moja flaya alishuka vibaya. Nlikuwa nimekaa hatua 5 tu, kwenye kiti cha plastiki, narekodi kwa simu. Wakamaliza, wakapiga saluti, nikapiga vigelegele. Jioni nyumbani nikamwambia anikunie nazi. Nakwenda jikoni namkuta amekaa kwenye mbuzi anakuna kwa mkono wa kushoto, kifuu kinamponyoka, anakiokota, kinamponyoka tena. Nikamuuliza tangu lini wewe wa shoto? Akanyanyua uso akanitabasamu. Meno yote, ya juu na ya chini, kidevu juu, vile vile wanavyofunzwa kuwatazama majaji. Akasema si kitu mama.

Mkono wa kulia ulikuwa umevimba kama andazi. Picha ikaonesha ufa, plasta wiki 4. Usiku ule nikairudia video yangu mwenyewe, na inaonekana, sekunde ya 48, uso unakunjika kidogo tu alafu meno yanarudi. Nlikuwa nimeitazama mara 3 na kuituma kwa mashangazi.

Tangu siku hiyo ile video ya machela siioneshi mtoto yeyote. Na tukaweka sheria, nlipigana na kocha mwezi mzima mpaka akaikubali: anayesema anaumwa hapotezi nafasi yake. Akikaa wiki 2 akirudi nafasi ni yake. Manake watoto hawafichi maumivu kwa ujinga, wanaficha kwa sababu wanajua kuna mwengine amesimama pembeni anasubiri.

Akigonga kichwa?

Siku hiyo basi, hata akiapa. Hata kama fainali ni kesho. Kichwa kikiuma, akitapika, akiona maruerue, akiuliza swali moja mara mbili, akisinzia kusiko kwa kawaida, ni hospitali, si panadol. Na arudi mazoezini daktari akisema, si kocha akisema wala bibi yake.

Kwa nini mwanangu hawekwi juu?

Nlijua mtafika hapa.

Kila mzazi anataka mwanawe awe flaya. Kila mmoja! Nshaletewa keki, nshaletewa kilo 2 za kamba wa Likoni na mama mmoja ambaye simtaji, wote shida yao ni hiyo moja. Nawaelewa, flaya ndo anayeonekana kwenye picha, shangazi wa Dubai akitumiwa video anamuona flaya, bezi anaonekana mikono tu.

Lakini sikiza. Flaya anachaguliwa kwa kusimama bila kuyumba, kukaza mwili na kutoogopa. Wepesi unasaidia ndiyo, ila mtoto mwepesi aliyelegea ni mzito kuliko mnene aliyejikaza, muulize bezi yeyote atakwambia ni kama kubeba gunia la maji. Na watoto wanakua. Hili ndo linalouma zaidi kwenye mchezo huu na hakuna anayewaandaa kwalo: msichana amekuwa flaya tangu miaka 8, amezoea kushangiliwa, akifika 11 au 12 mwili unafunguka, urefu unakuja, likizo moja tu, anarudi anaambiwa sasa wewe ni bezi. Nimeona mtoto amekaa chooni saa nzima hataki kutoka. Kwake yeye alichosikia si kwamba amekua, amesikia ameharibika.

Kwa hivo kocha akibadilisha nafasi aseme vizuri, amwambie mtoto pembeni, si mbele ya wote. Na wewe mzazi usiseme maskini mbele yake. Binti yangu ni bezi toka siku ya kwanza, ana mabega kama mpiga makasia, na anajua bila yeye hakuna anayekwenda juu. Ilinichukua mimi muda mrefu kulijua hilo kuliko yeye.

Nimpunguzie chakula ili awe mwepesi?

Hapana. Na ukimsikia kocha au mzazi yeyote akimwambia mtoto hivo nitumie meseji.

Tulikuwa na mizani mazoezini mwaka wa kwanza, kocha wa wakati huo aliileta. Ndani ya wiki 3 watoto wa miaka 10 wanalinganisha kilo kama akina mama wa harusi, mmoja anakuja hajala mahamri asubuhi, mwengine amekula tende moja na maji tu wala hali tena, saa tano flaya amezimia kwenye joto hili la Mombasa ambalo hata samaki wanatoka jasho. Mizani nliificha mimi. Iko nyumbani, napimia unga.

Mtoto anayeruka ale. Mbaazi, ndizi, samaki, maji mengi.

Alikuwa anapiga samasoti ya nyuma vizuri kabisa, ghafla hataki. Ni uvivu?

Si uvivu, si jini, wala si kijicho cha mama wa flaya mwengine (nshasikia yote hayo). Akili imefunga. Mwili unajua lakini kichwa kikifika pale pa kuondoka kinakataa, mtoto anakimbia anasimama, anakimbia anasimama, analia. Ni kitu kinachojulikana sana kwenye chia na jimnastiki. Simone Biles mwenyewe, mwenye medali za kujaza kabati, kwenye Olimpiki ya Tokyo mwaka 2021 aliruka akapotea hewani, hajui yuko juu au chini, akajitoa kwenye fainali ya timu. Watu wakamsema weee. Baadae akarudi, na Paris 2024 akashinda dhahabu.

Ukimlazimisha ndo unamfunga zaidi. Kumpa pesa pia haisaidii, baba mmoja aliahidi baiskeli na mtoto akapata presha mara mbili, ya samasoti na ya baiskeli. Mrudisheni nyuma, apige ile ndogo anayoiweza, kwenye mchanga, mtu amshike mgongo, siku zipite. Wengine inarudi wiki 2, wengine miezi. Wengine hairudi na wanakuwa mabezi hodari sana.

Kocha anapiga kelele. Ni kawaida?

Kelele ya "kaza magoti" ni kawaida, muziki uko juu na watoto 20 wanaongea. Kelele ya "wewe mnene unatuangusha" si kawaida. Fimbo ndo kabisa haina mjadala, viboko vilikatazwa kwenye sheria ya elimu ya msingi ya 2013, na uwanja wa mazoezi si kisiwa kisicho na serikali.

Kuna wale wanaokaza watoto msamba. Mtoto analia, kocha amemkalia mgongoni, mzazi anatazama anasema ndo kufundishwa. Bwana we. Mwili wa mtoto unalegea pole pole kwa wiki na miezi, ukiukaza kwa nguvu unachanika.

Kocha anamtumia binti yangu meseji usiku, ni za mazoezi tu. Kuna shida?

Kuna shida hata kama ni za mazoezi tu. Meseji zote zinapita kwenye grupu au kwa mzazi, hata kama kocha ni mpwa wa imamu, hata kama ni mwanamke.

Najua wengi mnaona nazidisha. Lakini huu ni mchezo ambao kocha anamshika mtoto kiuno, mgongo, paja, kwa sababu za kweli kabisa, na mtoto amefunzwa kutii na kutabasamu. Mtu mbaya hahitaji zaidi ya hapo. Daktari wa timu ya jimnastiki ya Marekani aliwadhulumu wasichana kwa miaka mingi, wazazi wengine wako chumba hicho hicho, mpaka akahukumiwa mwaka 2018. Kwenye chia yenyewe, nyota mmoja aliyevuma sana kwa televisheni alifungwa miaka 12 mwaka 2022 kwa makosa ya kingono yaliyohusu watoto. Hawa si watu wa vichochoroni, ni watu waliokuwa wakipendwa.

Kwa hivo kwetu hakuna mtoto kubaki peke yake na mtu mzima, hakuna kupewa lifti peke yake, mazoezi milango wazi. Ukiwa na wasiwasi na hujui pa kuanzia, namba ya watoto Kenya nzima ni 116, bure, hata mtoto mwenyewe anaweza kupiga.

Na zile nguo? Binti yangu anavaa hijabu.

Karibu na hijabu yake. Zaidi ya nusu ya wetu wanavaa. Yunifomu yetu ni mikono mirefu, suruali ya kubana kiasi na juu yake sketi inayofika gotini. Kitu kimoja tu nakataa: pini. Vaa ile hijabu ya michezo ya kuvuta kichwani, isiyo na pini wala ncha ya kuning'inia, manake pini ikimchoma bezi flaya amekwenda chini. Hereni na bangili pia zibaki nyumbani.

Kuna mtu atakwambia majaji hawatapenda. FIFA waliruhusu vitambaa vya kichwani mwaka 2014, mpira wa kikapu ukafuata mwaka 2017, kwa hivo jaji wa likizo ya Agosti kwenye ukumbi wa shule na yeye atazoea. Tumepunguziwa alama mara moja kwa "muonekano". Hatukubadilisha.

Mekapu ya mashindano mimi siipendi na kocha anaipenda, tumekutana katikati: glita machoni, mdomo hapana. Glita hiyo utaikuta kwenye shuka mpaka Idd.

Ramadhani mnafanyaje?

Tunapumzisha stanti zote, yaani kubebana na minara. Mtoto aliyefunga asibebe mtu na asibebwe. Anayetaka anakuja baada ya taraweh kunyoosha viungo na kupitia densi nusu saa. Madrasa pia tunaiheshimu, mtu asiniambie achague.

Inagharimu ngapi?

Kwetu mchango ni shilingi 500 kwa mwezi, unatuma kwa M-Pesa, na asiyekuwa nayo anakuja na mikono miwili ya kubeba magodoro. Yunifomu kitambaa tunanunua Biashara Street kwa jora, fundi anatushonea, inafika kama 1,800. Raba nyeupe za mitumba Kongowea ukiamka mapema. Mapamba watoto wanatengeneza wenyewe kwa riboni. Hapo zamani ungechana mifuko ya plastiki lakini tangu Agosti 2017 mifuko hiyo ni kesi.

Wenzetu Marekani familia inalipa maelfu ya dola kwa mwaka, ada, nguo, ndege, hoteli, mpaka Orlando kwenye mashindano ya dunia. Ni biashara nzito kule, kampuni kubwa kuliko zote, Varsity, iliyoanza mwaka 1974, ina mashindano, ina kambi, inauza na nguo, na mwaka 2023 ikakubali kulipa dola milioni 43.5 kumaliza kesi ya waliodai imeshika soko lote. Nasema haya kwa wale mnaoniambia tufanye kama Marekani. Mzazi akishalipa pesa hizo nani atamwambia mtoto pumzika, mkono unauma? Pesa yenyewe inamsukuma arudi mkekani. Shilingi 500 haina nguvu hiyo.

Wavulana wanaruhusiwa?

Walianzisha wao! Wanawake waliingia mwaka 1923 kwenye chuo kile kile cha Minnesota. Eisenhower, Reagan na Bush mdogo wote walikuwa chia shuleni kabla ya kuwa marais. Tuna wavulana 4, na wanachokumbana nacho mtaani ni matusi ambayo siwezi kuyaandika. Mmoja anaficha yunifomu ndani ya begi la mpira. Sarakasi hiyo hiyo angefanya hotelini angeitwa fundi.

Naweza kurekodi na kuweka TikTok?

Mwanao, ndiyo. Wa mwenzio, mpaka mzazi wake akubali, na hata sheria ya ulinzi wa data ya 2019 inataka idhini ya mzazi. Na soma maoni ya watu kabla mtoto hajayasoma, kuna wanaume wazima wanaandika mambo kwenye video ya mtoto wa miaka 11 ambayo utataka kuwatafuta na mwiko.

Wazazi wakigombana mnafanyaje?

Tunawatoa kwenye grupu siku 7. Msicheke, tumeshatoa watu. Kule Texas mwaka 1991 mama mmoja alikamatwa akitafuta mtu wa kumuulia mama wa msichana mwengine, ati huyo mtoto avunjike moyo ajitoe kwenye chia nafasi ibaki kwa binti yake. Sisi hatujafika huko, tumefikia kufungiana mlango wa choo.

Ukitaka kupiga kelele jukwaani, taja jina la timu. Usitaje jina la mwanao. Na usimrekebishe kutoka kitini, hawezi kukusikia wewe na muziki na kocha kwa mara moja, anachosikia ni kwamba mamake hakupenda.

Mwanangu kila Ijumaa tumbo linamuuma, Jumapili limepona. Nimkaze?

Mama, mazoezi makubwa ni Jumamosi.

Muulize, lakini si kwenye gari ukiwa unampeleka, wala mbele ya nduguze. Muulize mkifanya kazi nyengine, mnachambua mchele mnatoa mawe, hapo watoto husema. Na usimuulize unataka kuacha, manake atasema hapana, amefunzwa. Muulize ni kitu gani kikiondolewa tumbo litapoa. Wengine ni samasoti moja tu. Wengine ni rafiki aliyemnunia. Mmoja ilikuwa ni babake anavyonyamaza njia nzima wakishindwa, Makadara mpaka Mikindani hakuna neno, redio tu.

Akitaka kuacha katikati ya msimu, wale watatu wake watakasirika, ni kweli, na ni vizuri aende akawaambie mwenyewe. Lakini aruhusiwe kwenda.

Mazoezi ni siku gani?

Jumatano saa kumi jioni ukumbini, Jumamosi ufuoni. Saa ya Jumamosi inategemea maji, yakiwa yamejaa hatuna pa kusimama, kwa hivo angalieni grupu Ijumaa usiku msinipigie. Mlete mtoto na chupa mbili za maji, moja yake na moja ya atakayekuwa amesahau. Ukifika ukiona msichana mrefu amekaa kwenye kiti changu cha plastiki anakula viazi karai na wenzake wanaruka, huyo ni wangu. Amepumzika wiki hii. Bega, amesema mwenyewe.